Ziara ya choma kwa miguu Mwanza: mioto mitatu kwa jioni moja

Mguu wa mbuzi hauivi kwa dakika 20. Ukilikumbuka hilo peke yake, umeshakwepa nusu ya mambo yanayoharibu jioni ya choma hapa Mwanza. Watu sita wanafika bandani saa mbili usiku njaa imewakaba, wanaagiza kilo mbili, wanajibiwa "dakika chache tu, bosi", na saa tatu na nusu bado wamekaa palepale wameshiba soda na chipsi. Nyama ikiletwa, nje imebabuka na ndani ina damu, kwa sababu mchomaji ameharakishwa akaisogeza kwenye moto mkali.

Kwa hiyo ziara ya choma kwa miguu si kuzurura banda hadi banda ukinusa moshi. Ni kupanga mioto mitatu ili kila mmoja uukute tayari: mishikaki mjini, sato ufukweni jua likizama, mbuzi Kirumba usiku. Katikati mnatembea, tumbo linapata nafasi. Anayewaongoza analipwa kwa kazi hiyo hasa, na utamjua kwa simu zake: anampigia mchomaji wa tatu wakati nyinyi bado mnachovya chumvi ya wa kwanza.

Kumpata wa kuwaongoza

Wapo wa aina mbili. Kuna waongozaji wa kampuni za utalii, ambao biashara yao inatakiwa iwe na leseni ya utalii, ile ya TALA. Kama unalipia ziara kwa kampuni, omba kuiona. Si utovu wa adabu. Kisha kuna mwenyeji tu wa mji: dereva bajaji, shemeji, mfanyakazi mwenzako aliyekulia Mabatini au Pasiansi. Kwa kundi la marafiki waliofika kutoka Dar, Dodoma au Nairobi, huyu wa pili anatosha kabisa, mradi awe anawajua wachomaji na si mabaa. Anayejua mabaa atakwambia "pale muziki ni mzuri". Anayejua wachomaji atakwambia fulani yupo Ijumaa na Jumamosi, siku nyingine anamwachia kijana wake ambaye mkono wake bado mzito kwenye chumvi.

Kabla hujatoa hela, muulize haya. Je, malipo yako ni pamoja na chakula, au chakula kila mtu anajilipia? Kilo utakayotuagizia inapimwa mbichi au ikiwa imeiva? Nani anachinja? Wavu wa mbuzi na wavu wa kitimoto ni mmoja au tofauti? Mvua ikinyesha tunakaa wapi? Akijibu yote kwa "usijali, yote yatakuwa sawa", tafuta mwingine. Swali la wavu lina uzito wake: kundi la Mwanza mara nyingi ni mchanganyiko wa Waislamu na Wakristo, na zipo sehemu ambazo jiko moja linahudumia nyama zote mbili kwa koleo lilelile. Kugundua hilo sahani ikiwa mezani ni kuchelewa.

Jambo moja huwa halisemwi: mwongozaji hupewa chochote na mchomaji kwa kumletea wateja. Halina ubaya likisemwa wazi. Ubaya ni pale anapowapeleka kwa anayempa zaidi badala ya anayechoma vizuri, na dalili yake ni kukataa katakata mnapotaka kubadilisha kituo.

Tarehe, mwezi na mpira

Msimu mzuri wa kutembea ni Juni hadi Septemba, kiangazi. Masika ya Machi hadi Mei si kikwazo, ila mvua ya Mwanza ikiamua kushuka jioni haibembelezi, na mji umejengwa juu ya miamba na miteremko: maji hukimbia barabarani kwa nguvu kuelekea ziwani. Katika miezi hiyo hakikisha kila kituo kina paa, na sehemu ndefu mpande bajaji.

Angalia pia mwezi wa angani. Dagaa huvuliwa usiku kwa taa, zamani karabai na siku hizi hata za sola, na taa huwavuta dagaa vizuri pale giza linapokuwa nene. Mbalamwezi ikiwa kamili, dagaa wanaadimika. Kama mmoja wenu ameapa kurudi nyumbani na dagaa wa Mwanza, pangeni ziara iangukie siku za giza. Hasara yake ni wale wadudu wadogo wa ziwani, ambao nao hutoka kwa wingi giza likitanda na kujaa kwenye taa yoyote ya nje. Omba meza isiyo chini ya balbu.

Ratiba ya mpira ni muhimu kuliko utabiri wa hali ya hewa. Simba na Yanga wakicheza, popote pale, kila penye runinga panajaa na wavu unabeba oda za watu 40 kwa wakati mmoja. Kukiwa na mechi uwanja wa CCM Kirumba, eneo lote la Kirumba husongamana kabla na baada. Siku hizo geuza ratiba au panga siku nyingine. Ramadhani, baadhi ya mabanda ya mjini hayawashi moto mchana; anzeni baada ya futari.

Mizani: kiasi gani kwa watu wangapi

Kundi linalotembea vizuri ni la watu wanne hadi wanane. Zaidi ya hapo hamvuki barabara pamoja, na mchomaji wa mishikaki hawezi kuwapa yote ikiwa ya moto.

Hesabu ya watu sita, kwa vituo vitatu na kionjo cha kuanzia, ni hii:

Mahindi ya kuchoma 3, yanavunjwa katikati.
Mishikaki 12, miwili kila mtu.
Sato 2 wa gramu 700 hadi 800 kila mmoja, wakiwa wazima kabla ya kutolewa matumbo.
Mbuzi kilo 1.5, mbichi, pamoja na mifupa.
Ndizi za kuchoma 6, ugali mmoja wa kugawana, kachumbari sahani mbili.

Itaonekana ndogo kwenye karatasi. Usiongeze. Makosa makubwa ya kundi la kwanza ni kula kituo cha kwanza kana kwamba hakuna cha pili. Na kwenye mbuzi ujue kwamba kilo 1.5 ya mbichi itarudi mezani ikiwa na uzito wa kilo moja hivi, mifupa ikiwemo. Maji na mafuta yamekwenda na moto. Wengi hudhani wameibiwa hapo. Wanaoibiwa kweli huibiwa mapema zaidi, kwenye mizani na wakati wa kubadilishiwa kipande, na tutafika huko.

Bei hubadilika kwa siku na kwa msimu, samaki hasa. Mwambie mwongozaji akutumie siku moja kabla bei nne: mshikaki mmoja, sato kwa ukubwa uliousema, kilo ya mbuzi, na ndizi. Zidisha, ongeza vinywaji, nauli ya bajaji na malipo yake, kisha weka asilimia 15 ya dharura. Beba noti ndogondogo. Wengi wanapokea pesa za simu, lakini mtandao ukisumbua saa tatu usiku, hiyo ndiyo stori ya jioni nzima.

Mwanzo: saa 10:30 alasiri, mjini

Kutaneni kwenye kipilefti ya samaki, pale kwenye sanamu. Hakuna atakayepotea. Viatu vya kufunika vidole, nguo isiyo nyeupe, maji lita moja kila mtu, na tochi ya simu ikiwa na chaji.

Kabla hamjaondoka, mwongozaji apige simu ya kwanza, ya Kirumba: mbuzi kilo 1.5, nusu mbavu na nusu mguu, iwe tayari saa 2:30 usiku. Mchomaji anajua mguu unahitaji dakika 75 hadi 90 kwenye moto wa wastani, kwa hiyo saa 1:00 usiku uwe juu ya mkaa. Kama mwongozaji wako hapigi simu hii, mpigishe.

Pita upande wa Makoroboi kwa mwendo wa pole. Jina limetokana na vibatari vya bati, makoroboi, vilivyokuwa vikitengenezwa huko kwa mabati chakavu. Mahindi huuzwa popote yanapopatikana. Chagua yanayochomwa mbele yako, punje ikibonyezwa kwa kucha itoe maziwa kidogo. Yaliyokauka yatawachosha mataya kabla ya nyama. Ndimu, chumvi, pilipili, nusu hindi kwa mtu, twende.

Salimia. Ni mji wa Kisukuma, na "mwadila" ya mchana au jioni kwa mama anayechoma mahindi inafungua uso kuliko "habari za leo" iliyotupwa njiani. Ukimalizia na "wabeja", yaani asante, utapewa ndimu ya ziada.

Moto wa kwanza: mishikaki, saa 11:30 jioni

Simama hatua mbili kutoka jikoni utazame dakika moja kabla ya kuagiza. Mkaa ulio tayari umevaa jivu jeupe na hautoi mwali. Weka kiganja juu ya wavu, kama sentimita 15, uhesabu sekunde: ukishindwa kuvumilia baada ya mbili au tatu, moto ni mkali, unafaa mishikaki. Ukifika tano au sita, ni wa wastani, unafaa mguu wa mbuzi na samaki mzima. Mwali wa njano unaoramba nyama ni mafuta yanayodondoka na kuwaka. Mchomaji mzuri husogeza kijiti pembeni, mvivu humwagia maji na jivu lote linaruka kwenye nyama.

Nusa pia. Mkaa uliowashwa kwa mafuta ya taa na nyama ikawekwa kabla harufu haijaisha, hiyo harufu hairudi nyuma. Ondokeni.

Mshikaki mzuri una vipande vya sentimita 2 hadi 3, vimebanana kidogo, katikati pamewekwa kipande kimoja au viwili vya mafuta. Nyama ya ng'ombe wa Kanda ya Ziwa ni ya ng'ombe aliyetembea malishoni, ina utamu lakini ina ukakamavu, ndiyo maana wengi huilaza kwenye papai bichi lililotwangwa, tangawizi na kitunguu saumu. Utomvu wa papai hulainisha nyama. Ukikaa nusu saa hadi saa moja unasaidia. Ukikaa usiku kucha nyama inageuka kama uji nje, inashikamana na meno bila kutafunika. Ukikuta mshikaki laini kupita kiasi, papai lilisahaulika kwenye beseni.

Mishikaki iliyochomwa mchana na kupangwa pembeni ili ipashwe ndiyo mtego wa saa hizi. Ina kingo nyeusi, katikati ni ya kijivu, na vijiti vimekauka kabisa. Sema hivi: "Kaka, tuwekee ya mbichi, tunasubiri." Dakika 8 hadi 12 inatosha, ikigeuzwa kila baada ya dakika mbili.

Tazama ubao. Hapa ndipo matumbo huharibika, zaidi ya kwenye nyama yenyewe. Ubao na kisu kilichokata nyama mbichi kikikata iliyoiva bila kuoshwa, moto wote ule umepotea bure. Kachumbari nayo ni mbichi na imeoshwa kwa maji usiyoyajua. Ukiwa na tumbo la mgeni, chukua ndimu na pilipili, kachumbari ngoja ile ya kituo cha mwisho ambako unaiona ikikatwa.

Vijiti msivitupe. Bili huhesabiwa kwa vijiti, na ubishi wa "mlikula 14" unaishia hapo mezani.

Mnapomaliza, kwenye saa 12:00, mwongozaji apige simu ya pili, ya samaki.

Moto wa pili: sato, Kamanga, jua likizama

Teremkeni kuelekea kivuko cha Kamanga, upande ambako Jiwe la Bismarck limesimama majini. Jua la Mwanza huchelewa: tuko magharibi zaidi ya Dar, lakini tunafuata saa ileile, kwa hiyo hapa huzama karibu saa moja kasorobo, miezi mingine hata saa moja na dakika chache. Mkifika saa 12:30 mna muda wa kutosha kumchagua samaki, na hiki ndicho kituo cha kutuliza macho.

Omba kuwaona sato kabla hawajaparuliwa magamba. Jicho liwe limejaa na linang'aa. Lililozama na kuwa kama lina ukungu ni la juzi. Fungua kifuniko cha shavu: matamvua yawe mekundu ya damu, si ya kahawia wala yenye ute mzito. Bonyeza ubavu kwa kidole gumba. Shimo likibaki, mrudishe. Harufu iwe ya maji ya ziwa. Na asiwe mdogo: sheria inakataza sato wa chini ya sentimita 25, ambao ni shubiri moja na vidole viwili hivi vya mtu mzima. Kwa sangara, kiwango cha chini ni 50. Mgahawa unaokuletea sangara mzima kwenye sahani ya chai unakulisha samaki ambaye hakupaswa kutoka majini.

Kwa nini sato na si sangara? Wote wawili, kwa taarifa yako, si wenyeji wa ziwa hili. Waliingizwa katikati ya karne iliyopita, na sato tunayemsifia alimsukuma pembeni ngege, ambaye ndiye mwenyeji hasa. Lakini moto hauulizi asili. Sangara ana mafuta mengi, akibanikwa kwa vipande vinene ni mtamu, ila mafuta huwaka na ngozi huungua kabla ya ndani kuiva. Anahitaji mchomaji mvumilivu. Sato anabanikwa mzima na anajitetea mwenyewe. Kwa watoto au wazee chukua sangara, maana miiba yake ni mikubwa inaonekana. Mabondo yake, yaani vifuko vya hewa vya tumboni, msiyategemee, hayo yanaondoka na wanunuzi kwa bei ya kuitwa dhahabu.

Sasa tazama anavyoandaliwa, kwani makosa yote ya samaki hufanyika kabla ya moto. Magamba yanaparuliwa kutoka mkiani kwenda kichwani. Tumbo linapasuliwa kwa uangalifu, na kile kifuko cha kijani cha nyongo kitoke kizima. Kikipasuka, nyama ya tumboni inakuwa chungu na hakuna ndimu ya kuiokoa. Anaoshwa kwa maji safi, kisha anakaushwa. Hapa wengi huruka. Samaki mwenye majimaji hunata kwenye wavu. Halafu anachanjwa mistari mitatu kila ubavu, ya mshazari, kina kifike mfupani lakini usikate mfupa. Bila mistari hiyo, nyama iliyoshika uti wa mgongo inabaki mbichi hata ngozi ikiwa mkaa. Chumvi, ndimu, tangawizi na kitunguu saumu vinapakwa ndani ya mistari. Dakika 15 zinatosha. Ndimu ikikaa saa nzima nyama inakuwa ngumu na kumomonyoka.

Wavu upate moto kwanza, usuguliwe, upakwe mafuta kwa kitambaa au nusu kitunguu. Sato wa gramu 700 hadi 800 anakaa dakika 12 hadi 15 upande wa kwanza kwenye moto wa wastani, bila kuguswa. Akijaribu kumgeuza mapema, ngozi inabaki kwenye wavu na wewe unaletewa samaki aliyevuliwa shati. Akiwa tayari huachia mwenyewe. Upande wa pili dakika 10 hadi 12. Kuhakikisha, chomeka ncha ya kisu kwenye mstari wa katikati karibu na uti wa mgongo: nyama iwe nyeupe kabisa na iachane na mfupa, isiwe na ung'avu kama wa kioo.

Leteni ugali. Kama upo wa udaga, yaani muhogo uliovundikwa, chukueni huo. Unavutika, una uchachu mdogo, na unashika mchuzi wa pilipili vizuri kuliko sembe. Kuleni kwa mkono, kuanzia mgongoni kushuka tumboni, miiba midogo ya mapezi ikiwa imeondolewa mapema.

Mikono oshea bombani au kwa birika. Usiteremke kunawa wala kutumbukiza miguu ziwani, hata maji yakionekana ya kuita. Kichocho kipo kando ya Ziwa Victoria na huingia kwa ngozi, dakika chache zinakitosha.

Kwenda Kirumba

Saa 1:45 usiku ondokeni. Kufuata Barabara ya Makongoro hadi Kirumba ni karibu kilomita mbili, na ndicho kipande kirefu kuliko vyote. Kikundi cha watu wanne au zaidi wakiwa na mwenyeji wanatembea vizuri kwenye barabara kubwa yenye taa. Msikate vichochoro kwa ajili ya kufupisha. Kama kuna mzee, mtoto, au mtu aliyeanza bia mapema, pandeni bajaji na mpatane nauli kabla ya kuketi. Wengine watembee: bila hatua hizo elfu mbili na kitu, mbuzi mtamla kwa kulazimishana.

Moto wa tatu: mbuzi

Mkifika, mbuzi yuko juu ya mkaa na ana robo saa mbele yake. Hapa tatizo ni kwamba hamkuuona uzito. Kuna njia mbili. Kundi likiwa na mtu wa ziada, atangulie saa 12:45, asimamie mizani: uanze sifuri, nyama iwekwe bila mfuko wala sahani, mhuri wa mkaguzi wa nyama uonekane kwenye mzoga. La sivyo, mchomaji atume picha ya kipande kikiwa kwenye mizani. Picha hiyo inafanya kazi mbili: inaonyesha kilo, na inaonyesha umbo la kipande chenu. Saa mbili usiku wavu ukiwa na miguu mitano inayofanana, wenu ndio hupenda kwenda meza nyingine na mkaletewa mdogo wake.

Kila sehemu na tabia yake. Mbavu zina mafuta, huiva mapema, dakika 40 hadi 50, na ndizo zinazogombewa. Mguu wa nyuma una nyama nyingi lakini mkavu, unahitaji moto wa chini na muda. Mkono una mifupa na mishipa, mtamu kwa anayejua kuukwangua. Wageni huuacha, wenyeji huuvizia. Ndiyo maana tumesema nusu mbavu na nusu mguu: mbavu zinaletwa kwanza, mnaonja, mguu unamalizia.

Mbuzi hataki makorombwezo. Chumvi peke yake, ya maji, inayorashiwa wakati wa kugeuza. Ukiona ametiwa rangi nyekundu na viungo vya pakiti, kuna kitu kinafichwa, mara nyingi umri wa nyama. Kipande kikikatwa kwenye ubao, tazama karibu na mfupa: rangi ya waridi hafifu yenye maji meupe ni sawa kwa wengi, maji mekundu arudi jikoni. Omba akate vipande vidogo kwa sehemu, si vyote mara moja. Mbuzi akipoa, mafuta yake huganda mdomoni kama mshumaa. Nusu ibaki kwenye wavu pembeni, mnamaliza hii, inakatwa ile.

Ndizi ziingie hapa, zile za kuiva zilizochomwa na ganda. Na kachumbari, ikatwe mbele yenu: nyanya, vitunguu vilivyokamuliwa kwa chumvi ili ukali upungue, ndimu, pilipili mbuzi pembeni na si ndani, kila mtu ajitie.

Bili ikija, isome kituo kwa kituo, kilo kwa kilo. Mchomaji, yule aliyesimama kwenye moshi, apewe hela ya soda mkononi mwake. Ukiiacha mezani inaishia kwa mwingine. Mabaki yafungeni kwenye karatasi au kontena. Mifuko ya plastiki imepigwa marufuku nchini tangu Juni 2019, na nyama ya moto kwenye plastiki haina maana hata bila marufuku. Iliyobaki isilale mezani. Iingie kwenye friji ndani ya saa mbili, kesho ipashwe hadi itoe moshi.

Asubuhi yake, kwa wenye kubeba dagaa

Mwaloni, soko la samaki la Kirumba, saa yake ni asubuhi, kuanzia saa moja. Huko ndiko dagaa wanakotoka kwa magunia kwenda mikoani na nchi jirani, kwa hiyo chaguo ni kubwa na maneno ni mengi. Dagaa wazuri wana rangi ya fedha, si ya njano. Wa njano mafuta yake yameharibika. Wawe wazima, wasiwe unga wa vichwa na mikia. Chukua mmoja katikati ya gunia, si juu, umtafune pole pole: mchanga ukilia kwenye meno, alikaushwa chini. Waliokaushwa juu ya chanja au nyavu zilizoinuliwa bei yake iko juu kidogo, na ni halali yake.

Usiweke kwenye mfuko usiopitisha hewa wakiwa bado na joto la jua, watavunda kabla hujafika Shinyanga. Sanduku la karatasi lililotandikwa gazeti ndani linafaa, lifungwe kwa kamba na si kwa gundi. Ukipanda basi Nyegezi, mwambie konda mapema kwamba ni dagaa, alipange pembeni mwa buti mbali na mabegi ya watu; ukinyamaza, harufu itasema kwa niaba yako baada ya kituo cha pili.